Kandambili na Raizoni: nani aliimaliza Pan African?

#1 Mtoto wa Gerezani

Wakuu, salaam.

Nina dai na nina swali. Dai langu: hakuna timu nchi hii iliyozaliwa na meno yote mdomoni kama Pan African, na hakuna iliyoachwa ikang'oka moja moja huku watu wazima wamekaa wanaangalia.

Ilizaliwa 1976 kwenye mgogoro wa Yanga. Siku ya kwanza tu ina kikosi cha kumsumbua yeyote Afrika Mashariki: Leodegar Tenga, Jella Mtagwa, Juma Pondamali "Mensah", Mohamed Rishard "Adolf", kina Manara. Kombe la Nyerere wakabeba 1978, 1979 na 1981. Ubingwa wa Bara wakachukua 1982, Sunday Manara akiwa ndiye injini. Baada ya hapo? Leo mtajie Pan kijana wa miaka 20, atakuuliza kama ni kampuni ya mabasi. Timu ipo, haijafa, lakini inahangaika huko chini, mara ipande Championship, ligi iliyo chini ya Ligi Kuu, mara ishuke tena.

Swali: nani aliimaliza? Mimi nasema viongozi. Waliorithi jina hawakurithi akili. Wenye historia karibuni, ila tusiletee ushabiki wa kitoto.

#2 Kijana wa Keko

Naweka kiti. Baba yangu ana kadi ya Pan kwenye sanduku lenye vyeti vya kuzaliwa, sijawahi kumuuliza. Endeleeni wazee.

#3 Babu wa Kariakoo

Mtoto wa Gerezani, umefungua uzi mzuri ila umeanza kwa mguu wa kushoto. Sunday "Kompyuta" alikwenda Heracles Almelo ya Uholanzi 1977, Mtanzania wa kwanza kucheza mpira wa kulipwa Ulaya. Baadaye akaenda New York, akafika Austria mpaka Dubai. Huo uinjini wa 1982 umeutoa wapi? Adolf mtaje, Jella mtaje. Sunday muache kwenye Yanga ya 1974 na 1975, huko ndiko alikotisha.

Sasa nianze mwanzo, maana vijana wanadhani timu ilivunjika kwa sababu watu waliamka vibaya.

Yanga ile ilikuwa imekamilika. Ubingwa walichukua mfululizo kuanzia 1968 hadi 1972. Akapita Stanculescu, Mromania, akawafundisha kucheza kwa nafasi. Agosti 10, 1974, Nyamagana, Mwanza, fainali na Simba: Adam Sabu anatangulia kufunga, watu wa Msimbazi wameshaanza kuimba, Gibson Sembuli anasawazisha dakika za mwisho mwisho, mpira unaongezwa muda, Sunday anamaliza kazi. 2-1. Waliosafiri kwa treni kutoka Dar walirudi hawana sauti. Januari 1975 wakakutana tena Amaan, Zanzibar, fainali ya klabu bingwa Afrika Mashariki na Kati. Yanga 2-0, Sembuli na Sunday hao hao.

Mwaka huo huo wakakutana na Enugu Rangers ya Nigeria kwenye klabu bingwa Afrika. Kwao 0-0. Kwetu 1-1. Tukatolewa kwa bao la ugenini bila kufungwa mechi. Hapo ndipo nyumba ilipoingia mchwa. Lawama zikaanza, kila mtu anamnyooshea mwenzake kidole: wachezaji wanamsema mwalimu Tambwe Leya, yule Mzaire, uongozi wa Mzee Mangara unasimama na mwalimu, wanachama wanagawanyika baraza kwa baraza. Waliobaki Jangwani, makao ya Yanga, wakaitwa Kandambili. Waliotoka na wachezaji wakaitwa Raizoni.

Raizoni, kwa wasiojua, ni vile viatu vya soli nene kama tofali, ukivaa na suruali ya pekosi, ile pana chini, unaongezeka inchi nne. Mimi nilikuwa navyo vya kahawia. Mvua ikinyesha Kariakoo ile, unatembea kama korongo kwenye jaruba.

#4 Mnyama Hachekwi

Babu umesahau matokeo ya huo mgogoro. Julai 19, 1977. Simba 6, Yanga 0. Asante Raizoni kwa zawadi.

#5 Mwananchi Halisi

#4 nilijua utakuja. Mlicheza na watoto waliookotwa juzi, wakubwa wote wamehama. Ukitaka kuhesabu, hesabu na Juni 1968, 5-0, kikosi chenu kamili. Na hesabu Novemba 2023, 5-1, hapo hakukuwa na mgogoro wowote, mlikuwa mmelala vizuri na chai mmekunywa.

#6 Mnyama Hachekwi

Kibadeni matatu, Masimenti mawili, na Selemani Sanga akajifunga mwenyewe. Magoli sita yanaandikwa sita, hakuna mahali pameandikwa "wakubwa hawakuwepo". Na 1976 hadi 1980 ubingwa ulikuwa wetu mfululizo, miaka mitano. Yaani nyie mmegawana viatu, sisi tumegawana vikombe.

#7 Mtoto wa Gerezani

Jamani. Pan African. Uzi ni wa Pan African.

#8 Dada wa Magomeni

Nimecheka na korongo wa Babu.

Mimi si mtaalamu wa takwimu ila nina ya nyumbani. Babu mzaa mama alikuwa Raizoni, mdogo wake Kandambili. Walikuwa na duka moja la nguo. Mama anasema ilifika mahali wanakaa dukani asubuhi hadi jioni wanaongea kupitia mteja: "Mwambie huyo akupimie yadi mbili." Sherehe ya kipaimara ya shangazi, mmoja wao hakuja. Walipatana kwenye msiba.

Lakini sikilizeni jambo hili. Babu alibaki Pan mpaka anafariki. Watoto wake saba, hata mmoja hakuwa Pan. Wote Yanga, isipokuwa mama, ambaye aliolewa Simba akahama na mizigo yake. Babu alipoulizwa kwa nini watoto hawakumfuata alijibu kwamba yeye aliwafuata wachezaji, na watoto hawakuwaona hao wachezaji wakicheza. Mnaotafuta muuaji, kwangu mimi hakuna muuaji. Wachezaji walihama, mapenzi hayakuhama.

#9 Mhasibu Mstaafu

Salaam wana jukwaa. #8 maelezo yako matamu lakini mapenzi hayalipi nauli. Tuongee fedha.

Miaka ile timu iliendeshwa na vitu vitatu: viingilio vya mlangoni, ada za wanachama, na mfukoni kwa watu. Mlangoni unapata pale unapocheza na Simba au Yanga tu. Ada, wanachama wenyewe wangapi? Kinabaki kitu cha tatu, wafanyabiashara wa Kariakoo. Sasa kumbukeni mwaka 1983. Ubingwa wameuchukua 1982, mwaka unaofuata Waziri Mkuu Sokoine anaanza msako wa wahujumu uchumi. Mwenye duka anaficha hata sabuni zake mwenyewe. Nani atatoa hadharani fedha za kambi, akaulizwa kazipata wapi?

Wakati huo huo timu za mashirika ndiyo zinanenepa. Sigara, Pamba, Reli Morogoro, RTC Kagera, RTC Kigoma, Ushirika Moshi, Bandari Mtwara, CDA ya Dodoma. Mchezaji anapewa ajira, nyumba, matibabu, anafundishwa na udereva. Pan inampa nini? Inampa historia.

Kwa hiyo mimi sisemi viongozi wabaya. Nasema Pan ilikuwa timu ya wananchi isiyo na wananchi, kwenye zama za timu za mashirika.

#10 Babu wa Kariakoo

Mhasibu, nusu nakubali nusu nakataa. Msako wa 1983 uliwakumba wafanyabiashara wa timu zote. Hao waliokuwa wanaisaidia Yanga na Simba walikuwa wanauza kwenye maduka yale yale, mtaa ule ule. Mbona Yanga 1983 hiyo hiyo ilibeba ubingwa? Kama ni njaa, waliona njaa wote.

#11 Mhasibu Mstaafu

Mzee wangu, wenye watu elfu mmoja wakikamatwa kumi, wanabaki mia tisa tisini. Wenye watu ishirini wakikamatwa kumi, timu inaenda mazoezini kwa miguu. Njaa ni moja, matumbo siyo sawa.

#12 Jembe la Moro

Nimechelewa kuingia, wazee mmeruka Morogoro kama mnaruka mfereji.

Kabla haijaitwa Pan, wachezaji wale walijikusanya huku kwetu kwa jina la Nyota Afrika. Morogoro haikuwa mahali pa kujificha tu. Mpira ulikuwa huku! 1975 bingwa wa Tanzania ni Mseto ya Morogoro, timu ya kwanza kutoka nje ya Dar kuchukua ubingwa. Mnaikumbuka? Hamuikumbuki, kwa sababu nayo imeyeyuka vile vile, na haikuwa na mgogoro wala raizoni.

Halafu hao Kandambili waliobaki Jangwani wakasuka timu upya kwa vijana, na vijana wenyewe wengine walitoka huku huku. Charles Boniface Mkwasa huyo mnayemsifia ni mtoto wa Moro. Juma Mkambi "Jenerali", Omari Hussein "Keegan", wakakomaa pamoja, 1981 Yanga ikarudisha ubingwa. Mnaona picha? Yanga ilipokatwa kichwa ikaota kingine, Pan ilipozeesha kikosi chake cha kwanza haikuwa na kingine. Kwangu mimi kosa ni hilo. Pan haikuwa na timu ya vijana ya maana.

#13 Mwananchi Halisi

#12 umemaliza uzi. Jina ni Yanga, wachezaji ni wapita njia.

#14 Mnyama Hachekwi

Wapita njia hao hao ndio mlioenda kuwaomba warudi. Pondamali alirudi Jangwani, akaja kuwa hadi mwalimu wa makipa wenu.

#15 Nairobi Mashinani

Habari zenu ndugu. Nimefuata uzi huu kutoka huku Nairobi na nimeona kisa chenu kinafanana na chetu, ingawa si sawasawa.

Luo Union ilikuwa timu kubwa sana. Ilichukua kombe la Afrika Mashariki na Kati 1976 na 1977, na huo mwaka wa 1976 fainali waliicheza na Yanga yenu, hiyo hiyo iliyogawanyika. Basi ikaja amri ya serikali kwamba timu ziache majina ya kikabila. AFC ilikuwa Abaluhya, ikageuza maneno ikabakia na herufi zake tatu. Luo Union ikaitwa Re-Union mwaka wa 1980. Ikazama. Watu wote wakaenda Gor Mahia, ambao 1987 walileta Kombe la Washindi la Afrika nyumbani. Mzee mmoja wa Kaloleni huniambia mpaka leo kwamba wachezaji hawakubadilika sana mwaka ule, lakini alipofika uwanjani alihisi amealikwa harusi ya mtu asiyemjua.

Kwa hiyo nakubaliana na dada wa #8. Ukichukua timu ukaacha jina, umeacha karibu kila kitu.

#16 Kijana wa Keko

Mkuu wa Nairobi, ila AFC walibadilisha jina na bado wapo. Sasa?

#17 Nairobi Mashinani

Herufi, bwana mdogo. Herufi zilibaki. Shabiki akipiga kelele "AFC" haimdai kujua inasimamia nini.

#18 Mkaazi wa Amani

Asalaam alaykum. Mie niko Unguja, nna neno dogo.

Hiyo fainali ya Amaan aliyoitaja Babu, marehemu baba yangu alikuwepo na alikuwa akiihadithia hadi tukaichoka. Akisema mji ulijaa wageni wa Dar, boti na ndege, watu wakilala mabarazani, biashara ya urojo ilipata siku yake. Walipomaliza Yanga kushinda, yeye ambaye hakuwa wa upande wowote alitupiwa skafu akaivaa hadi nyumbani, na ndivyo alivyokuwa Yanga. Hivyo tu.

Sasa nnachotaka kusema: mnaihadithia kama vile Raizoni walikuwa matajiri na Kandambili maskini. Baba alikuwa akikataa. Akisema palikuwa na wenye maduka makubwa pande zote mbili, na palikuwa na makuli wa bandarini pande zote mbili. Kilichogawa ni umri na heshima: wazee wa klabu walitaka mchezaji akikaripiwa anyamaze, na wale vijana walikuwa wameshaonja kusafiri, wameshashangiliwa viwanja vya watu, hawakuwa tayari kukaripiwa tena kama skuli. Viatu ni kejeli ya watani tu.

#19 Babu wa Kariakoo

Shekhe wangu wa #18, Mungu amrehemu mzee wako, lakini mimi nilikuwepo kwenye ile mikutano na viatu niliviona kwa macho. Mlangoni upande mmoja unasikia "chap chap chap", upande mwingine "ko, ko, ko". Si kejeli ya watani. Kama hukuwa na hela ya raizoni hukukaa upande ule, uliona aibu.

#20 Mkaazi wa Amani

Babu na wewe ulikuwa navyo kwa sababu ulikuwa kijana, si kwa sababu ulikuwa tajiri. Umejijibu mwenyewe.

#21 Dada wa Magomeni

Hahaha. Babu kanaswa.

#22 Mwalimu Mkuu Mstaafu

Mjadala mzuri. Naomba kuongeza kipande ambacho hakijaguswa, Taifa Stars.

Mwaka 1979 goli la Peter Tino kule Ndola, 1-1 na Zambia, lilitupeleka Fainali za Mataifa ya Afrika kwa mara ya kwanza. Machi 1980, Lagos, kundi moja na Nigeria, Misri na Ivory Coast. Tukafungwa 3-1 na wenyeji, 2-1 na Misri, tukatoka 1-1 na Ivory Coast. Tukasubiri mpaka 2019 kurudi tena. Sasa angalieni uti wa mgongo wa kikosi kile: Pondamali golini akisaidiana na Mambosasa wa Simba, Jella nahodha na beki wa kati, Tenga pembeni yake, mbele kuna Adolf. Timu yenye miaka minne tu ndiyo iliyobeba taifa.

Kwa hiyo Pan ilizaa matunda yake kwa taifa. Labda tunakosea kuipima kwa vikombe vya klabu.

#23 Jembe la Moro

Mwalimu, nahodha Lagos alikuwa Tenga. Jella aliushika unahodha miaka mingi, ila fainali zile kitambaa kilikuwa mkononi kwa Tenga.

#24 Babu wa Kariakoo

Sahihi #23. Lakini Jella ndiye aliyewekwa kwenye stempu ya posta. Ulilamba Jella ukabandika barua ya kwenda kwa shangazi yako Mpanda. Nitajieni mchezaji mwingine wa enzi zile aliyelambwa na nchi nzima.

#25 Mtoto wa Gerezani

Hapo kwa Tenga ndipo hoja yangu ya viongozi ilipo. Mtu msomi, mhandisi wa chuo kikuu, akaja kuwa rais wa TFF, shirikisho la soka la nchi, 2004 hadi 2013 na mwenyekiti wa CECAFA ya Afrika Mashariki na Kati juu yake. Yaani mtoto wa Pan ndiye aliyeitoa FAT, chama cha soka cha zamani, kwenye vurugu na kuifanya TFF. Timu iliyotoa mtu wa kuendesha mpira wa nchi nzima inakosaje mtu wa kuendesha timu yenyewe?

#26 Mhasibu Mstaafu

Ungependa rais wa TFF aibebe timu yake ya zamani? Ungekuwa wa kwanza kufungua uzi wa kumlaani.

#27 Winga Teleza

Wakuu, mimi sikuichezea Pan ila nimecheza Daraja la Kwanza, kabla halijaitwa Championship, kwenye timu moja kongwe ambayo sitaitaja, jina lake linafanana na hali ya hizi zinazotajwa hapa. Naomba niwaeleze "timu kongwe" ikoje ukiwa ndani.

Mechi ni ya mkoani, Jumamosi. Ijumaa usiku ndio mnajua usafiri umepatikana. Basi la abiria, mmepewa viti vya nyuma, watatu mnapokezana kusimama. Mfuko wa mipira uko miguuni kwa kipa. Jezi ni seti moja. Wa akiba akiingia anavaa ya yule anayetoka kama zimechanganywa namba, imelowa jasho, na mwamuzi wa akiba anawaangalia mnavuana pembeni ya uwanja. Chakula ni wali maharage kwa mama ntilie aliye jirani na stendi, mweka hazina anahesabu sahani. Tukishinda, mzee mmoja tusiyemjua anatokea jukwaani anatoa noti kumi kumi, analia, anasema mnanikumbusha fulani. Tukifungwa, mzee huyo huyo anatuambia tumelitia aibu jina.

Wazee wa klabu wanakuja mazoezini kuwasimulia jinsi wao walivyokuwa. Hakuna anayekuja na mpira. Sisemi kwa ubaya, nawapenda, ila zile hadithi zilikuwa zinatuchosha kuliko mazoezi. Unakimbia mizunguko ya uwanja na mtu anakwambia mwaka 70 na kitu sisi tulikuwa tunakimbia hadi Pugu.

Kwa hiyo msiulize nani aliimaliza. Daraja la chini linamaliza timu yoyote, na zenye historia linazimaliza kwa aibu zaidi.

#28 Dada wa Magomeni

Winga, pole sana kaka. Hiyo ya kuvuana jezi imeniuma.

#29 Mnyama Hachekwi

Hapa sitanii. #27 umesema kweli. Shemeji yangu alipitia humo humo, akaacha, sasa anacheza ndondo, mpira wa mtaani, pale Kinesi. Anasema mechi moja ya Ndondo Cup inajaza watu kuliko msimu mzima aliocheza ligi. Watu wanapanda juu ya mabati.

#30 Kijana wa Keko

Ndondo ndiyo mpira wa watu sasa. Kikosi cha mtaa kina watu wake, mama ntilie wake, ngoma yake, matusi yake. Pan ikishiriki ndondo kama timu ya Kariakoo inaweza kupata watu haraka kuliko kwenye ligi.

#31 Mwananchi Halisi

Kariakoo ya leo nani anaishi? Maghorofa ya stoo. Ukipiga kelele "goli" linaitikia boksi la simu.

#32 Mhasibu Mstaafu

#31 ndiyo hoja nzito kuliko zote humu na umeitoa kwa utani. Pan, Cosmo, na hizo nyingine za katikati ya mji, zilikaa juu ya nyumba za Waswahili: chumba na sebule, uani, baraza. Wapenzi walikuwa wapangaji. Wapangaji wamehamia Mbagala, Gongo la Mboto, Chanika. Simba na Yanga zilishatoka Kariakoo zikawa za nchi nzima, hazikuhitaji tena wapangaji. Cosmopolitan walikuwa mabingwa 1967, wamewahi kuwazidi Yanga na Sunderland (Simba ya sasa), leo wako wapi? Nao hawakuwa na Raizoni.

#33 Babu wa Kariakoo

Cosmo nao bado wapo, usiwazike. Ila kwa hili la wapangaji, mtaa wangu sasa hivi tumebaki nyumba mbili zenye watu wanaolala.

#34 Mtu wa Mwanza

Ninyi watu wa Dar mnapenda kulia. Pamba ilikaa nje ya Ligi Kuu zaidi ya miaka 20. Ndiyo hiyo TP Lindanda! Halmashauri ya Jiji ikaishika, ikaitwa Pamba Jiji, 2024 imerudi. Mwambieni meya wenu aichukue Pan.

#35 Jembe la Moro

Na ikaitwa Pan Jiji? Utakuwa umeua na jina lililobaki.

#36 Mtu wa Mwanza

Bora jina lenye mkia na timu Ligi Kuu, kuliko jina safi na timu inasimama kwenye basi la abiria.

#37 Mtoto wa Gerezani

Hapana, hapa nagoma. Halmashauri ikiichukua timu, uchaguzi ukibadilisha madiwani timu inarudi ilikotoka. Mimi nataka wanachama. Wafufue matawi, wauze kadi hata kwa buku mbili, waweke hesabu hadharani. Watu watakuja.

#38 Mhasibu Mstaafu

Watu gani?

#39 Mtoto wa Gerezani

Mimi wa kwanza.

#40 Dada wa Magomeni

Mimi wa pili, kwa ajili ya babu. Ila mume wangu asijue, yeye ni Msimbazi.

#41 Mnyama Hachekwi

Tumekuona dada.

#42 Kijana wa Keko

Nimetoka kumuuliza mzee kuhusu ile kadi. Kacheka kwanza. Kasema aliinunua ili aingie kwenye jengo kuangalia televisheni, mpira hakuwa anaujali, na kwamba yeye ni shabiki wa Simba tangu inaitwa Sunderland. Sijui niiweke upande gani wa mjadala.

#43 Babu wa Kariakoo

Ada alilipa?

#44 Kijana wa Keko

Anasema mwaka mmoja.

#45 Babu wa Kariakoo

Basi ni mwanachama bora kuliko wengi niliowajua.

#46 Mwananchi Halisi

Swali kwa wazee: mbona mnaongelea mgawanyiko wa Yanga tu? Simba nao si waligawanyika, ikatoka Nyota Nyekundu? Mbona hiyo haina uzi?

#47 Mnyama Hachekwi

Hiyo ni mada nyingine kabisa, na mazingira yake yalikuwa tofauti.

#48 Mwananchi Halisi

Tofauti vipi? Tunasubiri.

#49 Babu wa Kariakoo

Mnyama, fungua uzi wako. Nitakuja, na nyaraka ninazo.